Walinisimamisha Kazi, Hawakunifunga Mdomo

Mlioniacha wiki iliyopita kwenye benchi la mahakama nikisubiri uamuzi, sogeeni tukae. Jaji yuko njiani.

Kabla hajaingia, neno kidogo kwa waliochelewa. Mimi ni mkaguzi wa nyama kwenye machinjio ya serikali. Wachinjaji wananiita Mama Muhuri. Ng'ombe akishachinjwa, nyama yake haitoki getini mpaka nimepasua tezi, nimekagua mapafu na ini, kisha nimeigonga muhuri wangu wa buluu.

Mkurugenzi wetu wachinjaji wanamwita Tai, kwa sababu hata kwenye damu na mavi ya ng'ombe anakuja amevaa tai. Huyu ana shemeji yake anayeuza nyama. Siku moja ng'ombe wa shemeji waliletwa wamekonda, wanakohoa. Walipochinjwa nikakuta mapafu yameharibika kwa kifua kikuu. Nikakataa kugonga muhuri. Tai akaniambia, "Mama, fumba macho kidogo." Nikamwambia macho yangu yanalipwa na serikali yafumbuke.

Haikupita wiki nikapewa barua ya kusimamishwa kazi, kupisha uchunguzi. Eti nilipokea rushwa nikapitisha nyama mbovu ya mtu mwingine kabisa.

Basi nikaupisha huo uchunguzi. Nikaupisha mpaka miguu ikafa ganzi, wenyewe haujapita. Kila nikienda kuuliza naambiwa kamati ya nidhamu itakaa. Kamati imesafiri. Kamati haijatimia. Hujafukuzwa ukatafute riziki kwingine, hujarudishwa ukafanye kazi, na mji huruhusiwi kutoka bila ruhusa. Mtaani nikageuka mama aliyekula rushwa. Mwanamke niliyekuwa nateka naye maji akawa anasogeza ndoo yake nikifika.

Ndipo nikamwendea wakili, binti mmoja mkavu, asiyejua kucheka. Akapeleka ombi mahakamani: mahakama iilazimishe kamati ikae na iamue, au usimamisho ufutwe. Hapo ndipo tulipofika.

Jaji akaingia, tukasimama, tukakaa.

"Wakili wa serikali," akasema, "kamati inasubiri nini?"

"Inasubiri akidi, Mheshimiwa."

"Wajumbe wamekufa?"

"Hapana, Mheshimiwa. Wapo."

"Wako wapi?"

"Kazini kwao, Mheshimiwa. Jengo lile lile."

"Sasa kinachosubiriwa ni nini?"

Wakili wa serikali akapekua makaratasi yake kwa muda. "Wakutane, Mheshimiwa."

Watu wakacheka. Mimi sikucheka, nilikuwa namwangalia Tai kwenye benchi la mbele. Shingo yake ilikuwa imevimba juu ya kola. Roho yangu ikasuuzika, na sioni haya kusema.

Jaji akasoma uamuzi. Kusimamishwa kazi si adhabu, akasema, na mwajiri hana haki ya kuigeuza adhabu kwa kukaa kimya. Akaamuru kamati inisikilize na itoe uamuzi ndani ya mwezi mmoja. Mwezi ukiisha hawajakaa, usimamisho unaanguka wenyewe, narudi kazini na haki zangu zote.

Nje nilimkumbatia wakili mpaka miwani yake ikakaa upande. Tai alipopita nikamwambia, "Bosi, umekonda. Ukaguliwe mapafu."

Akatabasamu kidogo, akaingia kwenye gari lake.

Wakili akarekebisha miwani. "Usimchokoze."

"Kwa nini? Si nimeshinda?"

"Sikiliza vizuri ulichoshinda," akasema. "Mahakama haikuamuru wakurudishe. Imeamuru waamue. Wataamua nini, hilo liko mikononi mwao."

Nikaona ni maneno ya mawakili, watu wasiopenda mtu afurahi. Nikaenda zangu nyumbani. Njiani nikapita kisimani, sina ndoo wala shida ya maji, nikasalimia mmoja mmoja kwa sauti ya juu ili wanione.

Mwezi ukakatika polepole. Kamati kimya. Nilikuwa nimeshafua na kupiga pasi koti langu jeupe la kazi na kunoa kisu changu cha kupasulia tezi. Kila nikikinoa namfikiria Tai. Nilipanga siku nikirudi, shemeji yake hatatoa hata utumbo getini bila mimi kuupindua nje ndani.

Siku chache kabla ya mwezi kuisha, Tai akaniita ofisini. Akanikaribisha kiti. Akaagiza niletewe chai. Hapo tu ningejua kuna jambo.

"Mama, kamati inakaa kesho kutwa," akasema kwa upole. "Tunaheshimu mahakama."

"Mngeiheshimu mapema tungeokoa viatu vyangu."

"Ila kuna shitaka limeongezeka." Akanisogezea bahasha. "Ukiwa umesimamishwa kazi, uliingia machinjioni bila ruhusa, ukavaa koti la serikali, ukafanya kazi ya serikali, ukaharibu mali ya mfanyabiashara. Hilo peke yake linatosha kukufukuza."

Nikaweka chai mezani. Maana ni kweli niliingia.

Nawaeleza ilivyokuwa. Ilikuwa kabla hata sijamwendea wakili. Mkaguzi mwenzangu alilala hoi kwa homa, na siku hiyo ng'ombe wa shemeji walikuwa wameshachinjwa, wananing'inia kwenye ndoana. Pale muhuri una watu wawili tu, mimi na huyo mgonjwa. Bila muhuri nyama haitoki, na nyama haijui kusubiri, jua likipanda imeharibika. Asubuhi hiyo akaja nyumbani kwangu wifi yangu, mdogo wake mume wangu, ambaye ni karani wa Tai. Akasimama mlangoni anahema.

"Wifi, Mkurugenzi anakuita," akasema. "Amesema njoo ugonge muhuri, na mambo yako yatazungumzika."

Mtu mwenye akili angeuliza barua iko wapi. Sisi wa machinjio hatuna desturi hiyo. Pale kila kitu kinaendeshwa kwa mdomo, kwa sababu mikono ina damu. Ukiitwa unakwenda, karatasi zinafuata baadaye. Nilikwenda mbio, na sikwenda kwa utii. Nilikwenda kwa sababu nilijua ng'ombe ni wa nani.

Nikawakagua mmoja mmoja. Wazima niliwagonga muhuri, sikuonea ng'ombe wa mtu. Wagonjwa niliwakata, nikawamwagia rangi ili nyama isiuzike, nikasimamia wakizikwa na chokaa. Shemeji mtu alilia pale shimoni. Niliondoka naimba. Tai hakusema neno, na mimi nikadhani amenyamaza kwa woga. Kumbe siku ile alikuwa ameiweka akiba.

Nikambwagia wakili bahasha mezani. Akaisoma, kisha akaisoma tena.

"Ulikwenda kwa barua au kwa mdomo?"

"Kwa mdomo."

"Mdomo wa nani?"

"Wa wifi yangu."

Akavua miwani. "Basi kila kitu kiko kwake. Akisema alitumwa na Mkurugenzi, umepona. Tena zaidi ya kupona. Bosi akimwita mtu kazini, amemwondolea usimamisho kwa mkono wake mwenyewe, na atajibu kwa nini alikuweka nje kwa tuhuma za kupitisha nyama mbovu huku anakuita ukague nyama ya umma. Ila wifi yako akikana, wewe ni mtu aliyevamia ofisi. Kamati itakufukuza, na itakuwa imetii amri ya mahakama tuliyoiomba sisi wenyewe."

"Kwa hiyo nimekwenda mahakamani kuomba nifukuzwe haraka."

"Ndiyo maana nilikwambia usimchokoze." Akavaa miwani. "Na kwenye kamati ya nidhamu mimi siruhusiwi. Utauliza maswali mwenyewe. Unaruhusiwa mtu mmoja tu wa kukaa naye. Shahidi akidanganya, mbane. Una chochote cha kumbana?"

"Sina," nikasema.

Jioni ile mume wangu akamwita dada yake nyumbani. Mume wangu ni mwalimu wa shule ya serikali, mtu wa taratibu, akikasirika anafuta ubao. Wifi akaja, akakaa ukingoni mwa kochi. Chai niliyompa hakuigusa.

"Wifi," nikaanza, "nani alikutuma uje kuniita siku ile?"

Akaangalia kabati.

"Nakuuliza wewe, siulizi kabati."

"Wifi, mimi nina watoto."

"Na mimi nimezaa paka?"

"Mama watoto, taratibu," mume wangu akasema.

"Taratibu nimekula nayo na kulala nayo tangu niliposimamishwa. Imenishinda." Nikamgeukia wifi. "Kesho kutwa utasema nini?"

Akajibu anaangalia sakafu. "Nitasema sikuja kwako."

"Macho makavu?"

"Macho makavu."

Akainuka akaondoka. Sikumsindikiza. Nilibaki nimekaa, na mume wangu akafunga mlango, akaja akakaa karibu yangu.

"Najua unachokiwaza," akasema.

"Siwazi kitu."

"Unaliwaza jina."

Jambo lenyewe ni hili, na nje ya familia yetu hakuna aliyelijua, au ndivyo nilivyoamini. Mume wangu alikuwa na dada wawili. Mkubwa alikuwa na kichwa darasani, akafaulu, akafariki kabla hajaajiriwa. Mdogo, huyu wifi yangu, aliishia njiani. Baada ya mazishi mama yao hakuwa na wa kumtegemea ila mume wangu na mshahara wake wa ualimu, ikatangazwa nafasi ya ukarani, na cheti cha marehemu kilikuwa kabatini. Wifi akaajiriwa kwa cheti kile na kwa jina lile. Nyumbani tunamwita jina lake. Ofisini anaitika la marehemu.

"Aliyempeleka kuandikishwa ni mimi," mume wangu akasema. "Aliyemtambulisha kwa maandishi ni mimi, nikiwa mwalimu wa serikali. Ukimvua yeye nguo, na mimi nimesimama hapo hapo kando yake, uchi. Niahidi hutaligusa."

"Na yeye ameniahidi nini?"

"Simwombi yeye. Nakuomba wewe mke wangu."

Nikamwahidi. Na nilipokuwa naahidi nilikuwa nasema kweli, mtaamini msiamini.

Siku ya kamati alinisindikiza yeye. Alisema atakuwa yule mtu wangu mmoja ninayeruhusiwa. Nilijua amekuja kunilinda, na pia kunichunga.

Chumba kilikuwa kidogo, kina meza ndefu na feni iliyokufa. Mwenyekiti alikuwa mama mtu mzima aliyevaa gauni la kijivu, mwenye sauti ya chini, na wajumbe wake pembeni, wote wale waliokuwa wamesafiri bila kutoka kwenye jengo. Tai alikaa upande wa walalamikaji. Mimi nikakaa peke yangu katikati, mume wangu nyuma yangu ukutani.

Mlinzi wa geti akaitwa kwanza. Akasema aliniruhusu kuingia kwa sababu karani alimwambia aniruhusu. Moyo wangu ukapanda. Tai akaandika kitu, hakuonekana kujali.

Kisha akaitwa wifi. Akaapa. Mwenyekiti akamwambia apaze sauti.

"Siku hiyo ulikwenda nyumbani kwa mtuhumiwa?" mwenyekiti akamuuliza.

"Hapana."

"Mlinzi anasema wewe ndiye uliyemwambia amfungulie."

"Mtuhumiwa alinikuta getini, akaniambia ameruhusiwa. Nikamwamini kwa sababu ni wifi yangu."

Nikashika kingo za kiti. Hilo nilikuwa nimelitarajia. Niliapa moyoni nitalimeza.

"Kuna lingine?" mwenyekiti akauliza.

Wifi akamtazama Tai, akainamisha macho. "Aliwahi kuniambia," akasema, "jikoni kwake, kwamba ile nyama mbovu ya kwanza alipewa kitu kidogo aipitishe."

Kukana kuwa uliniita, hiyo ni woga, na woga nauelewa. Lakini kunitia rushwa mdomoni, jikoni kwangu, kwenye meza niliyomlishia watoto wake alipokuwa hana? Jina langu ndilo kitu pekee ambacho walikuwa hawajafanikiwa kukithibitishia uchafu. Sasa lilikuwa linachafuliwa na damu ya mume wangu.

"Mtuhumiwa, una swali kwa shahidi?"

Nyuma yangu nikamsikia mume wangu anakohoa. Najua kikohozi chake. Ulikuwa ni ukumbusho.

"Ninalo moja," nikasema.

Nikasimama.

"Shahidi, waambie wajumbe jina ulilopewa na mama yako ulipozaliwa."

Tai akawa wa kwanza kusimama. "Mwenyekiti, swali hilo halihusiani na shauri."

"Kaa, Mkurugenzi," mwenyekiti akasema. "Mtu kuulizwa jina lake kuna ubaya gani? Shahidi, jibu."

Wifi alimtazama kaka yake. Alimtazama muda mrefu. Kisha akanitazama mimi, na nikategemea kuona chuki, sikuiona. Akalitaja. Jina lake la kweli, kwa sauti safi, bila kuambiwa aipaze.

Mwenyekiti akafunua makaratasi yake. "Mimi hapa nina jina jingine."

"Hilo ni la dada yangu," wifi akasema. "Ni marehemu."

Wajumbe wakaangaliana. Mjumbe mmoja aliyekuwa anasinzia akavuta kiti mbele. Mwenyekiti akaweka kalamu chini, akawaza.

"Wote nje," akasema. "Tupeni nafasi tushauriane. Tutawaita."

Nilifurahi, sitawadanganya. Nilisikia utamu mwili mzima, kama mtu aliyekuna mahali palipomwasha mwaka mzima. Utamu huo ulinifikisha mlangoni. Nje ya mlango alikuwa amesimama mume wangu, amegeukia ukuta, na mabega yake yalikuwa yanapanda na kushuka. Tangu nimjue, nilikuwa sijawahi kumwona analia. Utamu wote ukaniisha.

"Baba watoto," nikaita.

Hakugeuka.

Tai akatoka, akafunga mlango nyuma yake kwa utaratibu. Akanijia na karatasi tupu na kalamu, akaviweka kwenye kizingiti cha dirisha la korido.

"Mama, mambo ya familia yamalizike kifamilia," akasema. "Andika hapa kwamba uliuliza vile kwa hasira za mawifi. Andika na kwamba siku ile uliingia bila kuitwa na mtu. Mwenyekiti nimesoma naye, nitamwambia huyu binti ana majina mawili, watu wengi wanayo, hataendelea nalo. Wewe utaondoka kimya kimya. Dada atabaki mezani kwake, na mwalimu atabaki na chaki yake."

"Nisipoandika?"

"Wataanza kuuliza nani alimpeleka kuandikishwa." Akamtupia jicho mume wangu. "Mimi ninamjua ni nani. Kitambo."

Lile neno la mwisho lilimponyoka. Nililiona limemponyoka kwa jinsi alivyolamba midomo.

Nikamgeukia wifi. Alikuwa ameegemea ukuta, mikono imelegea.

"Alijua?" nikamuuliza.

"Tangu mwaka juzi," akasema. "Ndiyo maana nimesema niliyoyasema. Yale ya rushwa alinikaririsha yeye mwenyewe, ofisini, mlango umefungwa. Nikikosea ananirudisha mwanzo."

"Si ungeniambia?"

"Wewe?" Akacheka, kicheko kisicho na raha. "Wifi, wewe kila siku unaapa utamkomesha huyu na yule. Unanoa kisu huku unaongea peke yako. Nilikuwa nakuogopa wewe kuliko yeye."

Nilikuwa nimemchinja mtu ambaye alikuwa ameshafungwa kamba na mwingine. Iliniuma, nakiri iliniuma. Na chini ya maumivu hayo hasira yangu kwa Tai ikawaka upya, kubwa kuliko ile ya kwanza.

"Dada," Tai akasema, "angalia maneno yako."

"Niangalie nini tena?" Wifi akajitoa ukutani. Nilikuwa sijawahi kumsikia akimjibu. "Ulikuwa unanishika kwa jina. Jina nimelitaja mbele ya wajumbe, kazi sina. Sasa utanishika wapi?"

Akanijia mimi, akasimama karibu mpaka nikasikia pumzi zake.

"Nirudishe ndani, wifi. Nitasema nani alinituma asubuhi ile, maneno yalikuwa yapi, na ng'ombe walikuwa wa nani. Nitasema na mlango ulivyofungwa nikikaririshwa. Niulize tena, nitajibu yote."

Tai akafungua kifungo cha juu cha shati lake. Uso wake ukapoteza rangi. Jamani, nilikuwa nimeota kuuona uso ule tangu siku ya barua. Nimekunywa chai nikiuwaza, nimeosha vyombo nikiuwaza. Ulikuwa mbele yangu, hatua moja.

Hapo mume wangu akageuka. Macho yalikuwa mekundu, lakini sauti ilikuwa ile ile ya darasani.

"Akirudi ndani akaanza kusema, wataanzia mwanzo," akasema. "Cheti kilitoka wapi, nani alikileta. Hatafika kwenye ng'ombe kabla hajafika kwangu."

"Nitasema nilikwenda peke yangu," wifi akasema.

"Mwandiko ni wangu, mdogo wangu. Utasema nini kuhusu mwandiko?" Akanishika mkono. "Andika, mama watoto. Nakuomba. Tutaishi kwa kazi yangu. Watoto watasoma. Wewe utapumzika, umeteseka vya kutosha."

"Nitapumzika nikiwa mla rushwa?"

"Sisi nyumbani tunajua hukula."

"Na kisimani je? Kwenye machinjio? Huyu akibaki pale," nikamwonyesha Tai kwa kidole, "nyama ile ya kukohoa itagongwa muhuri na itapikwa majumbani. Nani ataikataa?"

"Sijui," akasema. "Sijui nani ataikataa. Najua mimi nina wewe na watoto na kazi moja."

Hakuwa anasema uongo. Hilo ndilo lililonibana. Wote pale koridoni walikuwa na haki juu yangu, isipokuwa Tai, na ni Tai aliyekuwa na kalamu.

Mlango ukafunguka kidogo. Tarishi wa kamati akatoa kichwa.

"Mwenyekiti anasema wajumbe wako tayari kuandika uamuzi," akasema. "Mwenye la kuongeza aingie sasa. Asiye na la kuongeza abaki huko huko nje."

Akarudi ndani, akaurudishia.

Tai akaninyooshea kalamu. Kwa jinsi alivyoharakisha nikajua kila alichosema wifi kinamfikia shingoni. Nikaichukua kalamu. Mume wangu akashusha pumzi.

Nikaichomeka kwenye mfuko wa shati la Tai, nikampigapiga mfuko. Nikamshika wifi mkono.

"Mama watoto," mume wangu akasema. Hakupandisha sauti. "Ukiingia naye humo ndani, nyumbani kwangu usirudi."

Wifi akajaribu kuutoa mkono wake. Nikaukaza, nikaufungua mlango.